Reli ya kwenye theluji ni nyembamba au pana kuliko yetu ya Tanga? Kuna dau la kahawa hapa

mwana_gengi (Ngamiani, Tanga)

Wakubwa shikamooni, wenzangu habari za tangu juzi.

Jana usiku barazani kwetu, barabara ya kumi na mbili, ulizuka ubishi ambao mpaka naandika hapa haujatulia, na mimi kwa kiherehere changu nimeshaweka dau. Kijana mmoja alikuja na simu akatuonyesha video ya treni inapita katikati ya theluji. Kichwa cha rangi ya buluu na njano, milima huku na huku, theluji inaruka pembeni kama unga mashineni. Chini wameandika Alaska, basi, hakuna maelezo mengine.

Pale barazani tunaye mzee wetu mmoja, mstaafu wa karakana ya reli. Akaitazama ile video kidogo tu, akarudisha simu, akasema: "Hiyo reli ni pana, siyo kama yetu. Nyie mnatazama theluji, mimi natazama magurudumu." Mimi nikabisha. Niliwahi kusikia kwamba huko kaskazini, kwa sababu ya milima, walijenga reli nyembamba, tena nyembamba kushinda hii yetu ya Tanga. Mzee akacheka. Hicho kicheko ndicho kilichoniponza. Tukaandikiana: atakayeshindwa anailipia baraza nzima kahawa na kashata wiki moja. Tupo kumi na mmoja, na wale si watu wa kikombe kimoja.

Babu yangu alikuwa mtu wa gengi, kipande cha Mombo hadi Buiko. Alikuwa akituambia jua la Mkomazi linakichemsha chuma mpaka nyundo haishikiki, na reli inavimba inapinda kama ulimi wa mbwa. Sasa huko kwenye baridi, hicho chuma kinakuwaje? Na zaidi ya yote, nani aliwatuma kwenda kulaza reli mahali hata nzi hakai?

Mwenye kujua anisaidie kabla ya Ijumaa. Muuza kahawa ameshaanza kuniita tajiri.

kibaiskeli_TA

Andaa hela mwanangu. Mzee wa karakana habishiwi habari za magurudumu. Ni sawa na kubishana na mvuvi wa Deep Sea habari za changu.

Baharia wa Chumbageni

Marahaba mwanangu. Hapo umekuja mlangoni kwangu kabisa.

Mimi nimekula miaka kumi na moja jikoni kwenye meli ya watalii. Nilianza kwa kumenya viazi, nikamalizia kwenye sufuria za supu. Kila kiangazi meli ilikuwa inapanda pwani ya Alaska, na bandari mojawapo inaitwa Skagway. Mji wenyewe ni mdogo, ukiondoa watalii unabaki na kijiji. Treni inakuja mpaka gatini, unateremka ngazi ya meli unaingia kwenye behewa. Viti vikibaki wazi, mabaharia tulikuwa tunapandishwa bure. Nimeipanda mara tatu.

Tuanze na dau. Siku ya kwanza niliitazama ile reli nikaona kama mchezo wa watoto. Nikainama, nikaweka kiwiko juu ya chuma kimoja, nikanyoosha mkono mpaka ncha ya kidole, nikahamisha kiwiko, nikanyoosha tena. Dhiraa mbili, hazikuzidi wala hazikupungua. Mama mmoja wa kitalii akanipiga picha, nadhani mpaka leo anawaonyesha wajukuu zake mtu wa Afrika akisujudia reli. Dhiraa mbili ni wari moja, ni futi tatu, kwa milimita ni 914. Yetu ni mita moja kamili, 1000. Kwa hiyo ile ya Skagway ni nyembamba kuliko ya Tanga, na tofauti yake ni vidole vinne vya mtu mnene. Agiza kahawa, mwanangu, alipe mzee.

Sasa swali lako la nani aliwatuma. Waliotumwa walitumwa na dhahabu. Agosti 1896 dhahabu ilionekana kwenye kijito kinachoingia mto Klondike, upande wa Kanada. Habari zilipofika Seattle Julai mwaka uliofuata, watu waliacha maduka, wakaacha shule walizokuwa wanafundisha, wakapanda meli yoyote inayoelea. Skagway ndipo waliposhukia. Kutoka hapo mpaka kwenye dhahabu kuna mlima, na juu ya mlima kulikuwa na polisi wa Kanada ambao hawakumruhusu mtu kuingia bila chakula na vifaa vya mwaka mzima. Mzigo huo ulikaribia tani moja kwa kila mtu. Piga hesabu ya safari ngapi za mgongoni. Wenye uwezo walinunua farasi, hata farasi wagonjwa na wazee, wakawapakia mpaka wakaanguka. Wanasema walikufa kama 3,000 kwenye njia ile. Korongo lenyewe linaitwa Korongo la Farasi Wafu mpaka leo, treni inapita juu yake, na mtangazaji ndani ya behewa analitangaza kwa sauti ya uchangamfu kabisa. Mimi nilinyamaza. Nimekulia karibu na punda wa kubeba maji, najua macho ya mnyama aliyezidiwa.

Basi matajiri wa London wakatoa fedha, mkandarasi Mkanada aitwaye Michael Heney akachukua kazi, wakaanza Mei 1898. Wembamba ule siyo ubahili mtupu. Ule mlima ni jabali, granite, na kila futi ya upana ni baruti. Reli ya futi tatu ilihitaji kuchongewa njia ya futi kumi tu badala ya kumi na tano, na inakubali kona kali ambazo reli pana ingezikataa. Walitumia tani 450 za baruti. Kuna mahali jabali ni ukuta uliosimama wima, hapana pa kukanyaga, watu walining'inizwa kwa kamba kutoka juu wakatoboa mashimo ya baruti wakiwa hewani kama popo.

Ili upate picha, mwana wa Mombo: kutoka baharini Skagway mpaka kileleni White Pass ni kama kilomita 33, na unapanda zaidi ya mita 870. Hiyo ni barabara ya Mombo kwenda Lushoto, ile ile yenye kona za Soni ambako abiria wa nyuma wanaomba mfuko wa plastiki. Sasa ondoa lami, weka reli. Penye mwinuko mkali zaidi, kila mita mia unapanda karibu nne. Wajerumani wetu walipofika Mombo waliutazama ule mlima, wakaupita kwa chini, wakaelekea Buiko. Wala siwalaumu.

Agosti hiyo hiyo ya 1898 yalitokea mawili. La kwanza, baruti ililipuka ikaporomosha jiwe la tani mia, likawalalia vibarua wawili. Halikunyanyuliwa. Waliweka msalaba mweusi juu yake, na kaburi ni hilo hilo, unaliona ukiwa kwenye treni. Jumla waliokufa kwenye ujenzi ni 35. La pili, ilisikika kuna dhahabu mpya mahali panaitwa Atlin. Vibarua kwa mamia wakaondoka, na sururu na makoleo ya kampuni begani! Nyapara akabaki na mlima wake.

Hata hivyo Februari 1899 walikuwa kileleni. Ili wasizikwe walikuwa na kichwa maalumu chenye feni kubwa mbele, kama pangaboi lililosimamishwa, linakula theluji na kuitema kando. Tarehe 29 Julai 1900 vipande viwili vilikutana Carcross, na njia nzima ya kilomita 177 mpaka Whitehorse ikakamilika. Miaka miwili na miezi miwili! Na sisi hapa, reli ilianza Tanga 1893, kabla ya wao, ikafika Moshi 1911. Kilomita 352 kwa miaka kumi na minane. Ndiyo maana ya msemo waja leo waondoka leo, ila ile treni iliondoka polepole.

Utamu uko hapa. Wakati pangaboi linatema theluji, wengi wa wale wachimbaji walikuwa wameshaondoka. Mwaka 1899 dhahabu ilisikika Nome, mbali kabisa upande wa magharibi, wakakimbilia huko. Reli ilimalizika, na waliojengewa hawapo.

mwana_gengi

Mzee Baharia, Mungu akuweke. Nimesoma kwa sauti barazani. Mzee wa karakana amekaa kimya, anachezea bakora. Kesho kahawa ni yake. Nitaweka picha.

Fundi Kokoto (Muheza)

Ngoja kwanza, usiweke picha.

Baharia kasema kweli tupu kuhusu Skagway, sina neno. Lakini wewe mwenyewe umeandika kichwa ni cha buluu na njano. Vichwa vya Skagway ninavyovijua mimi ni kijani na njano. Buluu na njano ni shirika la Reli ya Alaska, hiyo inayotoka Seward inapita Anchorage inaenda Fairbanks. Ni reli nyingine kabisa, na upana wake ni milimita 1435, sawasawa na SGR ya Dar. Imeizidi yetu kwa karibu dhiraa nzima ya Baharia. Mzee wako alikuwa anatazama treni, wewe ulikuwa unakumbuka hadithi.

Na najua alichokiona. Kwenye reli yetu magurudumu yamejificha chini ya tumbo la kichwa, ubavu umeyazidi huku na huku. Kwenye hiyo pana yamesogea nje, karibu na ubavu. Mtu aliyelala chini ya vichwa maisha yake yote hahitaji futi kamba.

Mimi nilisomea ujenzi na nimefanya kazi za matuta na makalvati, kwa hiyo hii ya Seward ndiyo nimeifuatilia zaidi. Inafanana na ya kwetu kwa jambo moja la kuchekesha: zote mbili zilianzishwa na watu binafsi, wakaishiwa. Ya Tanga ilianza na kampuni 1893, fedha zikakata, 1899 serikali ya kikoloni ikaichukua. Ya Seward ilianza 1903, kampuni ikafilisika, ikaja nyingine ikasukuma mpaka maili 71 nayo ikakwama. Machi 1914 rais wa Marekani, Woodrow Wilson, akasaini sheria serikali ijenge yenyewe. Mwaka huo huo mfereji wa Panama ulifunguliwa, kwa hiyo mashine na vifaa vya kule vikapakiwa melini na kupelekwa Alaska. Hebu fikiria koleo la mvuke lililozoea joto na malaria likishushwa kwenye barafu. Msimamizi mmojawapo, Frederick Mears, naye alitoka Panama. Anchorage, huo mji mkubwa wa leo, 1915 ulikuwa mahema ya vibarua kwenye mlango wa kijito.

Kuhusu chuma: babu yako alipigana na reli inayovimba na kupinda, wale wanapigana na reli inayosinyaa na kukatika. Lakini chuma ni adui mdogo, adui mkubwa ni ardhi. Sehemu nyingi za kule ardhi imeganda chini miaka na miaka. Ukifyeka miti na kuondoa majani yanayoifunika, jua linaifikia, barafu iliyomo inayeyuka, tuta linazama upande mmoja. Unaleta kokoto unanyanyua, mwakani limezama tena. Sisi na udongo mweusi wa mbugani tunalia masika tu, wao wanalia kila jua likichomoza. Kanada walipopeleka reli Churchill, kwenye ghuba ya Hudson, mwaka 1929, kipande cha mwisho walikilaza wakati wa baridi juu ya kinamasi kilichoganda, kwa sababu kikiwa kimeganda kinabeba treni, na kikiyeyuka hakibebi hata mbuzi. Kokoto zilikuja baadaye.

Turudi kwenye reli ya Seward. Kwenye mto Tanana, karibu na Nenana, kabla daraja halijaisha, wakati wa baridi walilaza reli juu ya barafu ya mto, treni ikavuka. Daraja lilipokamilika, mita 213 bila nguzo katikati, rais Warren Harding akaja mwenyewe Julai 1923 kupigilia msumari wa dhahabu. Wiki tatu hazijapita akafariki San Francisco. Barazani kwenu mtasema mengi hapo, mimi simo.

Lakini daraja ninalolipenda liko kwenye reli ya tatu, ya shaba, kutoka Cordova mpaka Kennecott, 1907 mpaka 1911. Mkandarasi ni yule yule Heney wa Baharia, ila alifariki 1910 hakuiona ikimalizika. Reli ile ilibidi ivuke mto Copper katikati ya milima miwili ya barafu, mmoja juu ya mto na mmoja chini, na yote miwili inamwaga mapande makubwa kama nyumba. Ukitaka kusimamisha daraja la chuma unahitaji kwanza jukwaa la magogo la kulishikilia. Magogo hayo waliyapigilia wakati mto umeganda, kupitia barafu. Mei 1910 wakiwa wanafunga mhimili wa mita 137, barafu ikaanza kupanda na kusogea, ikalisukuma jukwaa lote kama inchi kumi na tano kutoka mahali pake. Magogo yenyewe yanakaribia elfu! Wakaleta mabomba ya mvuke wakayeyusha barafu kuzunguka kila gogo, wakalivuta jukwaa likarudi kwenye mstari, usiku na mchana, watu hawalali. Wakafunga. Kama saa moja baadaye mto ukapasuka ukalibeba jukwaa lote. Daraja likabaki limesimama peke yake.

Nimesimamia kalvati la mita sita mwaka wa mvua nyingi nikaona maji yanabeba mbao zangu za zege. Kwa hiyo hadithi hiyo nikiisoma tumbo linanikaza.

Shaba iliisha, reli ikafungwa 1938.

binti_Tengeni

Mnabishana wembamba na hamjataja kwetu? Reli ya Tengeni kwenda Sigi ilikuwa sentimita 75. Dhiraa moja na ushee. Ilipanda kuelekea msituni kubeba magogo. Ya Skagway mbele ya hiyo ni barabara kuu. Kipande chake ni nguzo ya kibanda cha kuku cha bibi yangu, kimeshazika vizazi vitatu vya mbao na bado kipo.

Na Fundi, ukipita Mkumbara ujue mbao za Shume zilishuka kwa kamba za chuma juu ya mabonde, siyo kwa reli. Watu walikuwa na akili za kila aina.

Baharia wa Chumbageni

Fundi, nimekubali. Rangi ya kichwa niliisoma nikaipita, kosa la mpishi kuonja bila kutazama.

Lakini nami nina kashata yangu. Hiyo reli yako pana, upande wa Fairbanks palikuwa na reli ndogo ya futi tatu, serikali ikainunua 1917, na hata kipande kutoka ng'ambo ya Nenana kwenda Fairbanks mwanzoni kilikuwa cha futi tatu mpaka walipokipanua 1923. Kwa hiyo Harding angekuja mapema kidogo angeteremka behewa pana apande jembamba. Kwa hiyo mwana_gengi hakuwa mwongo asilimia mia.

Binti wa Tengeni, hilo la kibanda cha kuku limenichoma. Ile ya Skagway ilifungwa 1982 migodi ilipofungwa, nikasikia wenyeji walidhani ndiyo mwisho. Mwaka 1988 ikafufuliwa kwa watalii, siyo kubeba dhahabu wala madini, kubeba watu wa kutazama dirishani. Nilikuwa nikikaa mle nawaza Sigi, msitu wa Amani ule, vipepeo, maporomoko, na mtalii analipa dola. Haya, tuache.

mwana_gengi

Nimeshindwa. Naandika kwa mkono mmoja, wa pili umeshika pochi.

Nilimsomea mzee jibu la Fundi mpaka mahali pa magurudumu na ubavu. Akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya shati, akaivaa tena, akasema, "Sasa huyo ni mtu." Kuhusu utetezi wa Baharia, baraza ilikaa kama mahakama. Ikaamuliwa kwamba kwa kuwa kipande cha Fairbanks kilikuwa futi tatu mpaka 1923, mzee atalipa siku moja kati ya saba, iwe Jumatatu. Mzee akakataa, akasema reli inapimwa ilivyo leo. Akapigiwa kura akashindwa.

Alichotaka kujua zaidi ni ile habari ya kulaza reli juu ya mto ulioganda. Aliniuliza mara tatu barafu ilikuwa unene gani, na walijuaje kwamba itabeba. Fundi, kama unajua tafadhali mjibu, maana amegoma kucheza bao.

Leo ni siku ya pili. Muuza kahawa akiingia barazani anagonganisha vikombe na kuita "Alaska! Alaska!", halafu anajaza cha mzee kwanza. Jana peke yake alikunywa sita.